Hewa kuingia kwenye vena wakati wa upasuaji: tusihesabu jina la mkao, tuhesabu jeraha liko juu ya moyo kwa kiasi gani

Mshipa Huru (mleta mada)

Wakuu, salaam. Mada hii nimeiahirisha mara kadhaa kwa sababu kila nilipoanza kuiandika iligeuka kuwa somo la darasani, lakini juma hili wanafunzi wawili, kila mmoja kwa wakati wake, wameniuliza swali lile lile, nikaona bora nilijibu mahali ambapo wengine pia watanisahihisha. Walitaka kujua kama ni kweli kwamba hewa huingia kwenye vena, yaani mishipa inayorudisha damu moyoni, pale tu mgonjwa anapopasuliwa kichwa akiwa ameketi. Si kweli. Mimi ni mtaalamu wa usingizi, kazi yangu ni ya upande wa pili wa pazia, na nimefika mahali ambapo siulizi tena mkao unaitwaje. Nauliza jeraha liko sentimita ngapi juu ya moyo.

Vena iliyokatwa hutoa damu maadamu shinikizo la ndani yake linazidi shinikizo la hewa ya chumbani. Likishuka chini ya hapo, damu huacha kutoka, daktari mpasuaji hufurahi kuona uwanja wake umekauka, na kumbe vena ile ile imeanza kufyonza. Kinacholishusha shinikizo hilo zaidi ya kingine ni urefu. Kwa kila sentimita ambayo jeraha limepanda juu ya chemba ya juu ya kulia ya moyo, shinikizo la vena mahali pale hupungua kwa takriban sentimita moja ya maji, na kwa kuwa shinikizo la kuanzia lenyewe ni dogo, hasa kwa mgonjwa aliyepungukiwa maji au damu, tofauti ya sentimita 5 inatosha kuanzisha ufyonzaji. Sentimita 5 ni upana wa vidole vitatu. Mtu akiketi, sehemu ya nyuma ya fuvu huwa juu ya moyo kwa umbali unaozidi huo mara kadhaa.

Hata hivyo vena nyingi hujiokoa zenyewe. Kuta zake ni laini, na zikivutwa kwa ndani hulala bapa na kujifunga, kama mrija wa karatasi unaovutwa kwa nguvu. Zinazotutia mashakani ni zile zisizoweza kulala: mikondo mikubwa ya vena iliyomo ndani ya utando mgumu wa ubongo, ambao umeshikamana na fuvu na kuivuta isifunge, pamoja na vena zinazopita ndani ya mfupa wenyewe. Mfupa ukisagwa au kukatwa, vijitundu vile hubaki wazi, na hakuna msuli wala ngozi ya kuviziba. Ndiyo maana wakati wa hatari zaidi katika upasuaji wa nyuma ya ubongo ni ule wa kufungua mfupa na kuukaribia utando, kuliko ule wa kuchokonoa uvimbe, ingawa mgeni chumbani angedhani kinyume chake.

Mkao wa kuketi ulianza kutumiwa na Thierry de Martel huko Ufaransa mwaka 1913, na haukudumu kwa ushabiki tu. Damu na maji ya ubongo huteremka yenyewe, shinikizo ndani ya fuvu hupungua, na mpasuaji huona vizuri bila kulazimika kufyonza kila mara. Kuna uchunguzi wa Mayo Clinic, hospitali ya Marekani, uliochapishwa mwaka 1988, uliolinganisha wagonjwa 579 waliofunguliwa sehemu ya nyuma ya fuvu, baadhi wakiwa wameketi na wengine wamelazwa. Hewa iligunduliwa kwa asilimia 45 ya walioketi na asilimia 12 ya waliolazwa. Watu hupenda kuinukuu ile 45 peke yake. Mimi huwaomba waitazame sana ile 12, kwa kuwa inatuambia kwamba kumlaza mgonjwa hakufungi mlango, na waendelee kusoma hadi mahali panaposema kwamba waliolazwa ndio waliohitaji kuongezewa damu nyingi mara kwa mara zaidi, na kwamba mishipa ya fahamu ya kichwa ilinusurika vizuri zaidi kwa walioketi. Anayeukataa mkao wa kuketi anakataa pia na faida hizo, na ana haki ya kufanya hivyo, mradi ajue anachokiacha.

Sasa tutoke kwenye ubongo. Mgonjwa wa uti wa mgongo hulazwa kifudifudi juu ya mito inayoacha tumbo likining'inia, kusudi vena za ndani ya uti zisifure na kuvuja damu. Mbinu ni nzuri, lakini tumbo linaloning'inia hushusha shinikizo kwenye vena kuu ya chini, na mgongo uliofunguliwa tayari uko juu ya moyo. Tumetengeneza mteremko wa shinikizo bila mtu yeyote kuketi. Mtoto mchanga anayerekebishwa mifupa ya fuvu iliyoungana mapema hulala chali, ila kichwa chake ni kikubwa kwa kulinganisha na mwili, hivyo jeraha hukaa juu ya moyo hata meza ikiwa bapa, huku damu inayopotea ikishusha shinikizo la vena kila dakika. Mama anayezalishwa kwa upasuaji naye, mji wa mimba unapotolewa nje ya tumbo ili ushonwe, huwa na jeraha lililoinuliwa na mishipa mipana iliyo wazi pale kondo lilipobanduka. Bega linalopasuliwa mgonjwa akiwa ameegemezwa nusu kuketi limo kundini humo humo. Upasuaji wa ini ambamo shinikizo la vena hushushwa makusudi ili kupunguza damu sihitaji hata kuueleza.

Muuguzi wa Zamu

Nashukuru sana, Daktari. Nimefanya kazi thieta miaka mingi na nimeamrishwa mara nyingi "mwaga maji, mwaga maji," nami nikamwaga, lakini sikuwahi kuelezwa ni nini hasa kinachoendelea ndani ya mgonjwa wakati ule. Tafadhali tufafanulie hewa hiyo ikiingia hufanya nini, na ninyi huko nyuma ya pazia mnaijuaje kabla moyo haujasimama.

Mshipa Huru

Dada, kwanza pokea heshima yako, kwa sababu maji unayomwaga ndiyo tiba ya kwanza kabisa, na hufika kwa mgonjwa kabla ya dawa yangu yoyote. Jeraha likijaa maji ya chumvi, vena inayofyonza hufyonza maji badala ya hewa.

Hewa ikishaingia hufuata njia ya damu hadi upande wa kulia wa moyo. Ikija polepole kwa viputo vidogo, hupita na kukwama kwenye vishipa vyembamba vya mapafu. Vishipa hivyo hujikunja, moyo wa kulia hulazimika kusukuma kwa nguvu zaidi, na sehemu ya mapafu hubaki ikipepewa na mashine bila kupata damu. Kaboni dioksidi haifiki tena pale ili itolewe nje, kwa hiyo kipimo chake mwishoni mwa pumzi hushuka ghafla. Ikija kwa wingi na kwa kasi, hukusanyika ndani ya moyo wenyewe na kuwa povu lisilosukumika, kwa maana moyo umeumbwa kusukuma kimiminika, nayo hewa hubonyea tu. Kiasi kinachotajwa kuweza kumuua mtu mzima ni mililita 200 hadi 300 zikiingia kwa haraka. Msidhani hizo ni nyingi: tundu la sindano ya geji 14, ile nene, peke yake, kwa tofauti ya shinikizo ya sentimita 5 tu za maji, linaweza kupitisha takriban mililita 100 kwa sekunde.

Kuhusu kuijua mapema, vifaa vinatofautiana sana kwa usikivu. Kipimo cha picha ya moyo kinachopitishwa kwenye umio huona takriban mililita 0.02 za hewa kwa kila kilo ya uzito. Kile cha Doppler, kinachosikiliza mwendo wa damu kwa mawimbi ya sauti, kinachobandikwa kifuani, kando ya mfupa wa kidari, husikia takriban 0.05. Kipimo cha kaboni dioksidi ya pumzi husubiri hadi karibu 0.5. Kwa mgonjwa wa kilo 60 maana yake ni kwamba Doppler hunishtua kwenye mililita 3, na kaboni dioksidi hunishtua kwenye 30. Kifaa cha umio ni ghali, ni kinene, na kinahitaji jicho la mtu asiyefanya kazi nyingine, kwa hiyo mimi nikilazimika kuchagua kimoja cha kuongeza juu ya kile cha pumzi, huchagua Doppler. Huhakikisha kimekaa mahali pake kwa kupiga mililita chache za maji ya chumvi yaliyotikiswa yakawa na viputo, kupitia katheta, yaani mrija mwembamba uliopitishwa kwenye vena kuu. Kikinyamaza, nakisogeza hadi kisikie. Ile sauti ya moyo ya kufanana na gurudumu la kinu cha maji, ambayo wanafunzi hukariri kwa mtihani, huja wakati mambo yamekwisha kuharibika.

Fundi Vifaa Tiba

Wakuu, mimi si daktari, ni fundi wa meza na mashine za thieta, naomba kuchangia jambo moja linalonikera. Mkao wa kuketi unahitaji fremu ya chuma inayoshika kichwa kwa pini. Meza ina reli za pembeni kwenye kipande cha mgongo na nyingine kwenye kipande cha mapaja. Nimeshakuta fremu imefungwa kwenye reli za mapaja kwa sababu ndizo zilizokuwa wazi. Hapo ukishusha mgongo wa meza, mwili unakwenda chini na kichwa kinabaki kimening'inia kwenye pini. Je, watu wa usingizi huwa mnaliangalia hili?

Mshipa Huru

Fundi, umegusa kidonda. Si wote wanaoliangalia, na mimi mwenyewe kuna siku sikuliangalia.

Ilikuwa ni uvimbe wa nyuma ya ubongo, mgonjwa ameketi, katika hospitali ambayo sitaitaja. Mpasuaji alikuwa akipanua tundu la mfupa. Doppler, ambayo ilikuwa ikivuma kwa mapigo laini, ilibadilika ikawa mkwaruzo kama wa redio isiyokamata kituo. Nilisema "hewa," kwa sauti kubwa kuliko nilivyokusudia, na kabla sijamaliza kufungua oksijeni yote, kaboni dioksidi ilikuwa imetoka 34 hadi 21, na presha imeanza kuteremka. Mpasuaji akamwaga maji, akafunika kwa shashi zilizoloweshwa, na kuanza kupaka nta kwenye kingo za mfupa. Msaidizi wangu alizibana vena za shingo pande zote mbili kwa vidole, kwa uangalifu asizigandamize ateri. Hilo hupandisha shinikizo la vena kichwani, na tundu lililokuwa likifyonza kimya kimya likaanza kutoa damu, likajionyesha. Mimi nilivuta kwa bomba la sindano kupitia katheta ya vena kuu, nikapata povu la waridi, labda mililita 15. Halafu nikashika mpini wa meza ili nishushe kichwa, na ndipo nilipoona fremu imefungwa kwenye reli za mapaja.

Sikuweza kumshusha. Nilichoweza ni kuinua miguu na kuinamisha meza nzima kwa nyuma, pande zote kwa pamoja, kadiri ilivyokubali. Nta iliziba, dawa ya kupandisha presha ilifanya kazi, mgonjwa aliamka siku ile ile na kuuliza saa. Tangu hapo, kabla mgonjwa hajafunikwa vitambaa, naishusha meza na kuipandisha mara moja huku nikitazama shingo. Wapasuaji wengine huguna kwamba nawapotezea muda. Ni sekunde 40.

Niongeze kuhusu gesi, kwa kuwa ilinisaidia siku ile: sikuwa nimetumia naitrasi oksidi. Gesi hiyo huyeyuka kwenye damu mara 34 zaidi ya naitrojeni, kwa hiyo kiputo cha hewa kikiikuta ndani ya damu huvimba, kwani naitrasi huingia ndani yake upesi kuliko naitrojeni inavyoweza kutoka. Anayeitumia kwenye upasuaji wa namna hii anakipulizia kiputo kilichomo tayari.

Msomaji Kimya

Shikamoo Daktari. Chuoni tulifundishwa kwamba mgonjwa mwenye hewa moyoni alazwe kwa ubavu wa kushoto, kichwa kikiwa chini. Katika maelezo yako ya siku ile sikuona ukifanya hivyo. Je, fundisho hilo limepitwa na wakati?

Mshipa Huru

Marahaba. Fundisho hilo linatoka kwa Durant na wenzake, mwaka 1947, na mantiki yake ni safi: hewa huelea, kwa hiyo ukimlaza kwa ubavu wa kushoto itapanda na kukaa mbali na mlango wa kutokea kuelekea mapafuni, na damu itapita chini yake. Miongo kadhaa baadaye majaribio yalirudiwa kwa mbwa, na kuwageuza hakukuonyesha faida yoyote ya maana katika mzunguko wa damu. Mgonjwa aliye wodini au aliye chali bila jeraha wazi, mgeuze, hupotezi kitu. Lakini aliyefungwa kichwa kwa pini, fuvu likiwa wazi, kumgeuza ubavu kutakula dakika ambazo ungezitumia kuziba tundu. Kwake, kushusha kichwa hakulengi sana kuisogeza hewa iliyokwisha kuingia. Kunalenga kuufuta mteremko ili isiingie nyingine. Na moyo ukisimama, mgonjwa huwekwa katika mkao wowote unaoruhusu kifua kikandamizwe vizuri. Mijadala ya ubavu hukoma hapo.

Kuna na wale wanaoongeza shinikizo la mwisho wa pumzi kwenye mashine wakitarajia kuinua shinikizo la vena. Mimi siungi mkono. Kichwani faida yake haitabiriki, na huweza kulifanya shinikizo la chemba ya kulia lizidi la kushoto, jambo ambalo kwa mtu mwenye tundu kati ya chemba hizo ni kuifungulia hewa njia ya kwenda ubongoni.

Mtoto wa Kwanza

Habari zenu wataalamu. Mimi sina taaluma hii, ila mama yangu amepangiwa upasuaji wa uvimbe wa nyuma ya ubongo na tumeambiwa atapasuliwa akiwa ameketi. Nimesoma uzi huu mwanzo hadi mwisho na nimeingiwa na hofu. Hilo tundu mlilolitaja ni lipi, na sisi kama familia tuulize nini?

Mshipa Huru

Pole kwa mashaka, ndugu yangu, na mama apate nafuu. Tambua kwanza kwamba mara nyingi hewa inayogunduliwa ni viputo ambavyo mgonjwa hata havimdhuru. Tunavihesabu kwa sababu vifaa vyetu vina masikio makali.

Tundu hilo sote tulikuwa nalo tumboni mwa mama zetu, kati ya chemba mbili za juu za moyo, ili damu iyakwepe mapafu ambayo yalikuwa bado hayajaanza kazi. Baada ya kuzaliwa hujifunga, lakini kwa takriban mtu mmoja kati ya wanne hubaki kama kijimlango kinachoweza kusukumwa. Kwa maisha ya kila siku halina neno. Kwenye upasuaji wa kuketi lina neno kubwa, kwa sababu hewa ikipenya hapo hukwepa chujio la mapafu na kuingia upande wa ateri, ambako kiasi kidogo tu kinaweza kuziba mshipa wa ubongo au wa moyo wenyewe. Muulizeni daktari kama mama atapimwa moyo kwa ultrasaundi na maji yenye viputo vidogo, huku akiambiwa akaze pumzi, kabla ya siku ya upasuaji. Likionekana, timu nyingi huchagua mkao mwingine, na wale wanaoendelea na wa kuketi huwa na sababu ambayo wanapaswa kuweza kuwaeleza kwa lugha ya kawaida. Muulizeni pia atafuatiliwa kwa kifaa gani zaidi ya kipimo cha pumzi, na kwa nini mkao huo umechaguliwa kwa uvimbe wake yeye. Daktari mzuri hatakasirika kuulizwa.

Kwa wenzangu wa kazi wanaosoma jibu hili: mama huyu akiketi, kipimo cha presha ya ateri kiwekwe usawa wa sikio. Sentimita 10 za urefu ni takriban milimita 7.5 za zebaki, na presha inayopendeza mkononi inaweza kuwa haitoshi kabisa juu kwenye ubongo. Kidevu nacho kisikandamizwe kifuani; acheni nafasi ya vidole viwili.

Muuguzi wa Zamu

Daktari, naomba swali la mwisho. Wodini kwetu katheta ya vena kuu huwa tunaitoa mgonjwa akiwa ameketi kitandani, mara nyingi baada ya chakula. Kwa maelezo haya naanza kuona shaka. Shingo si iko juu ya moyo?

Mshipa Huru

Iko juu, Dada, tena mgonjwa huyo anapumua mwenyewe, na kila anapovuta pumzi shinikizo ndani ya kifua chake hushuka zaidi. Kikohozi kimoja kinachofuatiwa na pumzi ndefu kinatosha. Mlazeni bapa, na kama anaweza kuvumilia, kichwa kiwe chini kidogo ya moyo. Mwambieni akaze pumzi kama anayejikamua, au mvute katheta wakati anatoa pumzi, kamwe si anapoivuta. Bonyezeni mara moja kwa shashi hadi damu ikome, kisha mfunike kwa bandeji isiyopitisha hewa na kuiacha kwa angalau saa 24, kwa kuwa katheta iliyokaa siku nyingi huacha nyuma yake kijinjia kisichojifunga siku hiyo. Abaki amelala bapa kwa nusu saa. Chakula kitangulie au kisubiri.